Macho Yake, Maneno ya Wengine

Upo msemo uliokwishazoeleka katika vyumba vya habari, kwamba picha moja hushinda maneno elfu. Wapiga picha wanaupenda kwa kuwa unawatukuza. Wenye magazeti wanaupenda kwa kuwa picha hulipiwa mara moja, ilhali mwandishi hudai mshahara kila mwezi. Washairi wa pwani, watu ambao mtaji wao wote ni maneno, wameusikia na kuunyamazia kana kwamba ni ugomvi wa jirani. Lakini msemo huo ni wa uongo, na uongo wake umewagharimu watu wa Afrika Mashariki kuliko wanavyodhani. Atakaye ushahidi na ayatazame maisha ya Mohamed Amin, mtu aliyeyaona kwa macho yake mambo ambayo wengi waliyasikia tu, na ambaye maneno yake mwenyewe hayakusikika karibu popote.

Alizaliwa Nairobi mwaka 1943, mtoto wa mfanyakazi wa reli mwenye asili ya Punjab, akakulia Dar es Salaam. Kamera yake ya kwanza ilikuwa kile kisanduku cha bei nafuu kilichoitwa Box Brownie, na kwa kisanduku hicho alijifundisha kazi iliyomlisha hadi kufa. Mwaka 1963, akiwa kijana wa miaka ishirini tu, alianzisha Dar es Salaam kampuni ndogo akaiita Camerapix. Wakati ulikuwa wake. Dar es Salaam ya miaka ile ilikuwa njia panda: FRELIMO ilikuwa imeundwa mjini humo mwaka 1962, vyama vingine vya ukombozi vilifungua ofisi zao, na wenye magazeti wa Ulaya walitaka sura za watu ambao leo walikuwa wakimbizi na kesho wangekuwa marais. Kijana mwenye kamera, mwenye miguu myepesi na anayejua Kiswahili cha mitaani hakukosa wanunuzi.

Wanaomsifu humwita mwandishi huru. Neno hilo lisipokelewe bila kuulizwa. Katika Kiswahili cha wazee wa pwani, huru alikuwa mtumwa aliyeachwa na bwana wake, na aliyekuwa na busara alishika hati ya kuthibitisha kwamba ameachwa. Bila hati uhuru wake ulikuwa mashakani kila alipokutana na mgeni. Mwandishi asiye na mwajiri yuko katika hali hiyo hasa. Hatumwi na mtu, kweli, lakini haendi popote bila karatasi: ruhusa ya wizara, kibali cha jeshi, viza, nafasi katika ndege ya shirika la misaada. Amin alikuwa fundi wa karatasi hizo. Watangazaji wenye majina makubwa London walimtegemea yeye kuwafikisha mahali ambapo peke yao wasingefika. Hati aliyoikosa ilikuwa moja tu, ile ya kusema alichokiona kwa maneno yake mwenyewe.

Januari 1964 alikuwa miongoni mwa wenye kamera waliofika Unguja mapema baada ya mapinduzi. Hapa hapana haja ya kufungua upya mjadala ambao kila nyumba kisiwani ina wake. Linalohusu hoja hii ni moja: filamu zilizotoka kisiwani mwaka ule zilikwenda kuonyeshwa kwa watu wa mbali, zikasimuliwa kwa lugha za mbali, na waliokuwa ndani yake hawakuulizwa. Mwaka 1966 Waitaliano wawili, Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, walitoa filamu yao iitwayo Africa Addio, yenye picha za Zanzibar zilizopigwa kutoka angani, za maiti na makaburi. Juu ya picha hizo waliweka msimulizi mwenye sauti ya kumdharau Mwafrika mzima mzima, kana kwamba kosa lilikuwa uhuru wenyewe. Picha haikuweza kumkatalia. Ingekuwa kweli picha moja hushinda maneno elfu, ingeyashinda yale.

Amin, kwa upande wake, aliilipia kazi hiyo kwa mwili wake. Mwaka 1966 alikamatwa Zanzibar, akawekwa karibu mwezi mzima katika gereza la Kiinua Miguu, na alipoachiliwa kazi yake ilihamia Nairobi. Huko nako hakukaa kitako. Tarehe 5 Julai 1969, Tom Mboya alipopigwa risasi mchana kweupe katikati ya jiji, Amin aliingia ndani ya gari la wagonjwa na kumpiga picha mtu aliyekuwa akikata roho. Wako waliosema kwamba huko ni kukosa adabu, na hoja yao si ya kupuuzwa, maana maiti ana haki zake na anayekufa anazo zaidi. Lakini bila filamu ile, kifo cha Mboya kingebaki tangazo la redio na uvumi wa sokoni. Amin alijua tofauti hiyo tangu ujana wake.

Ili kuelewa jinsi macho yalivyotengwa na ulimi, ni lazima kuieleza biashara yenyewe, maana wasomaji wa mashairi aghalabu hawaijui. Camerapix ilikuwa kampuni ya Amin, lakini mteja wake mkubwa katika filamu alikuwa Visnews, shirika la London lililouza habari za picha kwa vituo vya televisheni duniani kote. Mpiga picha alipiga filamu, akaitia mfukoni pamoja na karatasi ya maelezo: mahali, tarehe, nani anaonekana, picha ya kwanza ni ya nini, ya pili ni ya nini. Mfuko ulikimbizwa uwanja wa ndege. London filamu ilisafishwa, ikakatwa, ikatolewa nakala na kutumwa kwa kila kituo kilicholipa ada. Nakala hizo zilibeba sauti za mahali penyewe, kilio, upepo, injini za malori, lakini hazikubeba msimulizi. Zilitengenezwa hivyo makusudi, ili Tokyo waweke Kijapani chao, Cairo Kiarabu chao, na Rio de Janeiro Kireno chao. Ububu huo haukuwa kasoro ya bidhaa. Ndio uliokuwa bidhaa. Na ile karatasi, kitu pekee kilichobeba maneno ya mtu aliyekuwapo, safari yake iliishia mezani kwa mhariri.

Hivyo ndivyo alivyofanya kazi kwa miaka ishirini kabla ya Korem, kuanzia Uganda ya Idi Amin hadi kwa mahujaji wa Makka, ambao picha zao alizitolea kitabu mwaka 1978. Kila palipotokea jambo, alikuwapo. Na kila alipokuwapo, msimulizi alikuwa mwingine.

Oktoba 1984 alikwenda kaskazini mwa Ethiopia. Alikuwa na Michael Buerk, mwandishi wa BBC aliyekuwa na kituo chake Johannesburg, na Mike Wooldridge wa redio ya shirika hilohilo. Korem ni mji mdogo wa nyanda za juu, ambako usiku ni wa baridi kali, na maelfu kwa maelfu ya watu walikuwa wamekusanyika hapo wakitafuta chakula ambacho hakikuwapo. Filamu ilionyeshwa London tarehe 23 Oktoba, na siku hiyohiyo ikaonyeshwa Marekani na kituo cha NBC. Husemwa kwamba hatimaye vituo 425 viliirusha, na kwamba watu wapatao milioni 470 waliiona. Aliyeitazama anaikumbuka: kamera haina pupa, inapita polepole juu ya nyuso, inamsubiri mtoto, haigeuki. Mpiga picha mwoga angegeuza macho mapema. Amin hakugeuza.

Na juu ya picha hizo, maneno ya nani? Maneno ya Buerk, kwa Kiingereza. Yalikuwa mazuri, hapana sababu ya kumnyima mtu haki yake. Aliifananisha njaa ile na njaa za zama za Biblia, na mfano huo ukaenea duniani kuliko picha yenyewe, hata watu ambao hawakuwahi kuiona filamu waliweza kuurudia. Hapo ndipo msemo wa picha na maneno elfu unapovunjika. Dunia haikukumbuka picha kumi za Amin. Ilikumbuka neno moja la msimulizi, kisha ikaziona picha kupitia neno hilo.

Na neno hilo lilificha zaidi ya lilivyofichua. Njaa ya zama za Biblia ni njaa isiyo na waziri wa kilimo. Haina jeshi linalofunga barabara, haina ndege za kivita, haina serikali inayotoza nafaka kwa wakulima ambao ghala zao zimekwisha kuwa tupu. Njaa ya Ethiopia ilikuwa na vyote hivyo. Ukame ulikuwapo, lakini palikuwapo pia vita vya Tigray na Eritrea, na serikali ya Mengistu Haile Mariam iliyazuia masoko na safari za watu katika maeneo ya waasi ili kuwakatia chakula. Septemba ileile ya 1984, mwezi mmoja kabla ya filamu ya Korem, Addis Ababa ilipambwa kwa sherehe kubwa za miaka kumi ya mapinduzi. Baadaye watu wapatao 600,000 walihamishwa kutoka kaskazini kwenda kusini-magharibi, wengi kwa nguvu, na maelfu wakafa. Madaktari Wasio na Mipaka wa Ufaransa, walipolisema jambo hilo hadharani, walifukuzwa nchini mwishoni mwa 1985. Waliokufa katika miaka ile hukadiriwa kuwa kati ya 400,000 na milioni moja.

Kamera haiwezi kupiga picha ya sababu. Inaweza kuonyesha mfupa, nzi, sanda. Haiwezi kuonyesha amri iliyoandikwa ofisini miezi sita kabla. Hiyo ni kazi ya maneno, na aliyepewa maneno alichagua Biblia. Ajabu ni kwamba hata kisa chenyewe, akisome mtu katika Biblia au katika Sura ya Yusuf, hakimwungi mkono. Miaka saba ya neema na saba ya njaa ya Misri ina ghala, ina vipimo, ina mtu aliyekabidhiwa hazina ya nchi na ambaye angeulizwa kama watu wangekufa. Msikilizaji yeyote wa darsa kisiwani analijua hilo. Angesimulia yeye, huenda swali la kwanza lingekuwa: ghala liko kwa nani?

Kisha wakaja waimbaji. Novemba 1984 Bob Geldof na Midge Ure walirekodi wimbo wao wa hisani, na jina la wimbo ni swali: je, watu hao wanajua kuwa ni Krismasi? Wanaulizwa watu wa nchi ambayo wafalme wake wa Aksum waliupokea Ukristo katika karne ya 4, kabla Waingereza hawajaitwa Waingereza. Wanaulizwa watu wa Wollo, jimbo lenye makanisa ya Lalibela yaliyochongwa katika mwamba mmoja mmoja, ambako mahujaji hufurika kila mwaka usiku wa Krismasi yao, mwezi Januari. Swali la namna hiyo haliulizwi na mtu mbaya. Linaulizwa na mtu aliyeona picha bila kusikia neno la aliyemo ndani yake. Na hiyo ndiyo dhara ya picha bubu: humwacha mtazamaji na huruma tele na ujinga wake ukiwa salama.

Je, watu wa Korem hawakuwa na maneno? Walikuwa na Kiamhari na Kitigrinya. Walikuwa na mapokeo ya ushairi ambayo mshairi yeyote wa pwani, akiyafahamu, atayaonea wivu. Wanayo sanaa iitwayo qene, na ndani yake ufundi wa nta na dhahabu: maana ya juu ni nta, laini, ya kumfurahisha mkubwa anayesikiliza, maana ya ndani ni dhahabu, na humwagika nta ikishayeyuka. Ni jamaa wa karibu wa fumbo la Kiswahili. Watu wa namna hiyo hawafi kimya. Fekade Azeze, mhadhiri wa Chuo Kikuu cha Addis Ababa, alizunguka vijiji vya kaskazini mwa Shewa akikusanya mashairi ya vinywani ya wakulima kuhusu ukame, njaa na Mungu, na mwaka 1998 akayatoa katika kitabu ambacho jina lake kwa Kiswahili ni Sauti Zisizosikiwa. Miaka kumi na minne baada ya Korem! Hakikuonyeshwa na kituo hata kimoja kati ya vile 425. Hakuna tamasha lililopigwa Wembley kwa ajili yake. Wakulima walikuwa wameishtaki njaa kwa beti, wakamhoji hata Mwenyezi Mungu, na dunia ikiwa imekwisha kuamua kwamba waliokuwa pale walijua kulia tu.

Wataibuka wenye kutetea. Watasema kwamba filamu ile ilileta chakula, na kwamba mtoto aliyeshiba haulizi aliyesimulia alitumia lugha gani. Ni kweli ilileta chakula. Meli zilitia nanga, ndege za mizigo zikaruka, na Julai 1985 tamasha la Live Aid likakusanya mamilioni. Kuna watu wazima leo walio hai kwa sababu Mohamed Amin alisimama Korem na kamera yake, na hapana shairi wala makala yenye uzito wa jambo hilo. Lakini hoja ya shibe ina pande mbili. Chakula kile kilipitia mikononi mwa serikali ileile iliyokuwa ikipigana vita, na sehemu yake ilitumika kuwavuta watu wenye njaa hadi mahali pa kuwahamisha. Laiti maneno yaliyokwenda na picha yangeitaja vita kwa sauti ileile yalivyoitaja Biblia, wafadhili wangekuwa na la kuuliza bandarini. Huruma isiyojua sababu hudanganywa kirahisi.

Watasema pia kwamba Amin alikuwa mpiga picha, na maneno hayakuwa kazi yake. Huo ndio utetezi dhaifu kuliko yote, na ajabu ni kwamba hutolewa na wanaompenda. Mtu aliyejenga kampuni, aliyejadiliana na mawaziri wa nchi kumi, aliyejua ni ofisa yupi wa Addis Ababa mwenye muhuri wa kweli, hawezi kuwa mtu asiye na la kusema. Alikuwa nalo. Soko la habari halikuwa na mahali pa kuliweka. Lilimlipa kwa kuona, likawalipa wengine kwa kujua. Mgawanyo huo wa kazi si wa jana: ni uleule wa mpagazi na mpelelezi katika safari za karne ya 19, ambapo mmoja aliijua njia na mwingine akapewa jina la kuigundua.

Wasifu wake uliotoka mwaka 1998 unamwita mtu aliyeu— na hapo mtafsiri hukwama. Kiingereza kina neno moja linalobeba maana mbili: kukitoa kitu mahali pake, na kumtia mtu huruma. Kiswahili hakina anasa hiyo. Humlazimisha mtafsiri kuchagua. Je, Amin aliusogeza ulimwengu, au aliuliza? Ukweli ni kwamba aliuliza. Ulimwengu ulilia kwa uchungu usio na unafiki, ukatoa fedha, ukaimba, na ulipomaliza kulia ulikuwa umekaa palepale. Serikali ya Mengistu ilidumu hadi Mei 1991, nayo iliondolewa na wapiganaji wa kaskazini. Waimbaji hawakuwa na sehemu katika hilo. Jina la wasifu limeihifadhi sifa kwa kuificha tofauti hiyo.

Mwezi uliofuata, Juni 1991, ghala la silaha lililipuka Addis Ababa. Amin alikuwa karibu akipiga picha. John Mathai, fundi wake wa sauti, aliuawa. Amin alipoteza mkono wa kushoto. Alivikwa mkono wa bandia akarudi kazini, na watu waliomwona wakafanya mkono huo kuwa hadithi ya ushujaa, kama ulivyostahili. Lakini msomaji na asimame kidogo kwenye jina la Mathai. Katika kikosi kile mwenye kazi ya sauti, mtu aliyebeba kinasa ili vilio na lugha za watu visipotee, ndiye aliyekufa. Magazeti yalimtaja katika sentensi moja.

Hata vitabu vilivyobeba jina la Amin, vile vikubwa vya picha vinavyowekwa sebuleni, havikuuvunja utaratibu huo. Picha zilikuwa zake na za mwenzake Duncan Willetts. Maneno mara nyingi yalikuwa ya Brian Tetley, mwandishi Mwingereza aliyeishi Nairobi. Ni maneno ya kirafiki, ya kumkaribisha mtalii. Kuna kitabu juu ya Kenya, kuna kitabu juu ya Tanzania, na mswahili akivifungua atakuta nyumba yake imeelezwa kwa mgeni atakayekuja, si kwa yeye aliyemo. Amin na Tetley walikuwa marafiki, na tarehe 23 Novemba 1996 walikuwa pamoja ndani ya ndege ya Ethiopia iliyotekwa nyara baada ya kuondoka Addis Ababa kuelekea Nairobi. Watekaji walitaka kupelekwa Australia, ilhali mafuta yalikuwa ya safari ya Nairobi tu. Ndege iliishiwa mafuta ikaanguka baharini karibu na ufukwe wa Ngazidja, mbele ya hoteli ya kitalii. Kati ya watu 175 waliokuwamo, 125 walikufa. Mpiga picha alikuwa mmoja wao, na mwandishi wake pia.

Ufukweni alikuwapo mtalii mwenye kamera ya video. Aliyarekodi mapigo ya mwisho: bawa linagusa maji, ndege inapinduka na kukatika. Filamu hiyo fupi imeonyeshwa mara zisizohesabika, na kila inapoonyeshwa husimuliwa na mtu ambaye hakuwapo. Wangazidja waliokimbilia majini pamoja na watalii kuwaokoa watu wanasema lugha iliyo ndugu wa Kiswahili, na kisiwa chao kina washairi wake. Waliyoyasema jioni ile ufukweni hayamo katika filamu.

Basi wanaotaka kumwenzi Mohamed Amin waache kurudia sifa za Kiingereza. Wasitafsiri tu maelezo yaliyokwishaandikwa na wengine. Tafsiri ya msimulizi mgeni ni mgeni yuleyule aliyevaa kanzu. Kazi iliyobaki ni ngumu zaidi na inahitaji watu wa maneno. Filamu na picha zake ziko Nairobi, zimehifadhiwa na familia yake, na mwanawe Salim amefanya kazi kubwa ya kuzitunza, hata akatoa filamu juu ya baba yake mwaka 2006. Ndani ya hazina hiyo kuna Dar es Salaam ya mwanzo wa uhuru, kuna Nairobi ya Mboya, na kuna Unguja ya 1964. Vyuo vya visiwani na vya pwani vina wanafunzi wa Kiswahili wanaoandika tasnifu kila mwaka juu ya tasnifu zilizotangulia. Wapelekwe huko. Waombe nakala, kwa adabu na kwa kulipia kinachostahili kulipiwa, wazilete nyumbani.

Wala wasizipeleke ukumbi wa mikutano penye hotuba ya mgeni rasmi. Zipelekwe barazani, Ng'ambo na Mji Mkongwe, Makunduchi na Wete. Aliyekuwa na miaka kumi Januari 1964 sasa amevuka sabini. Aliyekuwa na ishirini amevuka themanini, kama yupo. Watakaokaa baraza moja huenda mwaka ule walikuwa pande mbili, na kimya chao kimewafaa kwa muda mrefu. Hapana wa kuwalaumu kwa hilo, na atakayekataa kutazama aachwe anywe kahawa yake. Kwa atakayekubali, sauti ya Kiingereza izimwe kabisa. Picha isimamishwe kwenye kila uso, na mzee aulizwe kwa utaratibu: huyu ni nani, mtoto wa nani, na siku ile alikuwa akisema nini?